Uasi wa Lelouch: Nilichokiona Mara ya Pili

Nilipoitazama Code Geass kwa mara ya kwanza nilikuwa mwanafunzi wa sekondari, na sikuwa na shaka nilikuwa upande wa nani. Milki ya Britannia inaivamia Japani, inaifutia jina na kuiita Eneo la 11. Wenyeji nao wanaitwa kwa namba hiyo hiyo. Lelouch, mwanamfalme aliyetupwa na baba yake, anavaa kinyago na kuongoza uasi. Kwangu mimi, niliyekulia Uganda na kufundishwa ubaya wa ukoloni tangu utotoni, huyo alikuwa shujaa.

Mwaka huu, nikisoma historia ya Asia Mashariki, nilirudia misimu yote miwili, vipindi 50 vilivyorushwa kati ya 2006 na 2008. Safari hii lililonisumbua ni lile suala la jina. Japani ya kweli iliitawala Korea kuanzia 1910 hadi 1945, na mwaka 1940 serikali yake ya kikoloni iliwashinikiza Wakorea wachukue majina ya ukoo ya mtindo wa Kijapani. Katika anime hii, anayenyang'anywa jina ni Mjapani. Aliyekuwa mtawala amewekwa mahali pa mtawaliwa.

Je, huku si kuikwepa historia? Kwa kiasi fulani, ndiyo. Mtazamaji wa Tokyo anaweza kumlilia mtawaliwa bila kuikumbuka Seoul. Hata hivyo, hadithi yenyewe haimwachi astarehe. Lelouch anamwambia Euphemia kwa mzaha awaue Wajapani. Kumbe nguvu yake ya kuamuru watu imekwisha kumponyoka, na binti huyo anatii. Kisha Lelouch anamuua na kuyatumia mauaji hayo kuchochea uasi. Wafuasi wake wanapigania haki huku wakiwa wamefichwa ukweli.

Hapo nilimkumbuka An Jung-geun, Mkorea aliyempiga risasi Ito Hirobumi mjini Harbin mwaka 1909. Mahakama ya Kijapani ilimhukumu kifo kama muuaji. Wakorea wanamuenzi kama shujaa. Mjapani anayemshangilia Lelouch ana deni la kujaribu kumwelewa An.

Nami nina deni langu. Katika mitihani yangu yote ya sekondari, kila aliyempinga mkoloni nilimwandika shujaa, nikapata alama, wala sikuuliza ni nani aliyewahesabu waliokufa kwa amri yake.