Istilahi ya “Ubwege” na Filamu Fupi

Miongoni mwa istilahi zilizowatatiza wafasiri wetu ni ile inayotaja fasihi iliyochipuka Ulaya baada ya Vita Kuu ya Pili, ambamo mwanadamu huuliza wala ulimwengu haumjibu. Mhakiki Martin Esslin aliupa mkondo huo jina katika kitabu chake cha mwaka 1961, na mfano wake mkuu ulikuwa Samuel Beckett, ambaye mchezo wake wa kumngojea Godot ulionyeshwa Paris mwaka 1953. Kwa Kiswahili, baadhi ya wahakiki wameuita “ubwege”.

Yafaa neno hili lipimwe. Bwege ni mtu mjinga. Mwalimu wa Nyarubungo, mkoani Kagera, akilitazama katika kamusi atadhani kasoro imo katika mhusika, kumbe imo katika ulimwengu unaomzunguka. Darasani kosa hilo husahihishwa kwa maelezo. Katika filamu fupi hakuna nafasi ya maelezo, na mwongozaji aliyeambiwa “ubwege” huenda akatuletea vichekesho vitupu.

Beckett mwenyewe alilikabili jambo hili. Filamu yake fupi iitwayo Film ilipigwa New York mwaka 1964 chini ya uongozi wa Alan Schneider, ikaonyeshwa mwaka 1965. Mchezaji wake mkuu alikuwa Buster Keaton, bingwa wa vichekesho vya filamu zisizo na sauti. Hata hivyo, uso wake ulifichwa karibu hadi mwisho, na maneno yakaondolewa, isipokuwa sauti moja ya kunyamazisha. Kamera ikawa mhusika: yamwandama mtu asiyetaka kuonekana.

Kwetu, Said Ahmed Mohamed alitoa tamthilia ya Amezidi mwaka 1995. Wahusika wake ni Ame na Zidi, na majina hayo yakiungana huwa hukumu. Sikio hulipata fumbo hilo mara moja, bali kamera haiwezi kulipiga picha. Atakayeigeuza tamthilia hiyo kuwa filamu fupi hana budi kutafuta taswira ya kuubeba mzigo wa jina, asije akatuonyesha wajinga wawili tu.

Kwa hiyo twapendekeza kwamba “ubwege” ubaki pale ulipokwisha kuzoeleka, ila kila autumiaye katika mswada wa filamu aandike kando yake, kwa maneno ya kawaida, kwamba anayekosa akili ni ulimwengu, si mhusika. Mpiga picha akishalielewa hilo, atajua kamera yake aielekeze wapi.