Shaha

Sokoni Kivaa, chini ya mti, waendesha bodaboda wawili wanacheza drafti huku wakingoja abiria. Ubao ni kipande cha katoni, kete ni vizibo vya soda: vya mmoja vimeangalia juu, vya mwenzake vimefunikwa. Kizibo kikifika ng'ambo, kinabebeshwa kingine mgongoni na kuitwa kingi. Kila nikiona hivyo hulikumbuka neno letu wenyewe, shaha.

Shaha ni mfalme wa sataranji. Neno limetoka Uajemi, na ndilo lililomo katika tamko la kumaliza mchezo, "shah mat", mfalme hana pa kwenda. Waswahili hawakuliacha ubaoni. Walimvisha pia mshairi bingwa, shaha wa malenga.

Sasa magazeti yetu yanapotaja cheo cha juu kabisa cha sataranji, ambacho FIDE, shirikisho la sataranji duniani, ilianza kukitoa rasmi mwaka 1950, huandika "grandmasta". Cheo hicho hakipatikani kwa bahati: mchezaji hutakiwa kufikisha alama 2500 na kutimiza viwango vikali mashindanoni, kisha kwa kawaida hubaki nacho maisha yake yote. Amon Simutowe wa Zambia alikipata mwaka 2009. Phiona Mutesi, binti wa Katwe, Kampala, alipata cheo cha ngazi ya chini baada ya Olimpiadi ya Istanbul ya 2012, naye alijifunzia mchezo mtaani.

Mimi ningemwita Simutowe shaha. Neno ni fupi, lina heshima, na limo tayari kwenye ubao huohuo wa sataranji.