American Football

American Football ni bendi ya roki ya Marekani iliyoanzishwa mwaka 1997 Urbana, Illinois, mji wa chuo kikuu. Waasisi wake ni Mike Kinsella (mwimbaji, gitaa na besi), Steve Holmes (gitaa) na Steve Lamos, mpiga ngoma ambaye pia alipuliza tarumbeta. Albamu yao ya kwanza, yenye jina la bendi, ilitolewa na kampuni ya rekodi ya Polyvinyl mwaka 1999. Jalada lake ni picha ya nyumba ya kawaida mjini Urbana, dirisha la ghorofani likiwa na taa. Bendi ilivunjika mwaka 2000 bila umaarufu mkubwa. Sifa zilikuja baadaye, albamu ilipohesabiwa miongoni mwa nguzo za muziki wa emo. Waliungana tena mwaka 2014. Mwaka 2023 bendi, Polyvinyl na washirika wao walitangaza kuinunua nyumba hiyo ya kwenye jalada.