Nelson Makengo, mwenye kupiga filme mu giza ya Kinshasa

Nelson Makengo ni mtengenezaji wa filme na mpiga picha wa Kinshasa. Alizaliwa mwaka 1990, akasomea sanaa kwenye Académie des Beaux-Arts ya mji huo. Huku kwetu mashariki ni watu wachache wanamujua, ingawa kitu anachokipiga filme tunakiishi kila siku: kukosa moto, yaani umeme.

Filme iliyomufanya ajulikane ni "Nuit debout" ya mwaka 2019, ya dakika 20. Skrini imegawanywa mara tatu, picha tatu zinatembea pamoja, moja pembeni ya ingine. Huku unaona uso wa mtu, kule toshi ao taa ndogo ya betri. Pale mwangaza haufike, ni weusi tu. Sauti zinaongelea barrage ya Inga 3, ile inayoahidiwa miaka na miaka. Inga 1 ilianza kazi mwaka 1972, Inga 2 mwaka 1982, na wakaaji wa mji mkuu bado wanatafuta mishumaa.

Kwa nini anafanya hivyo? Ukimulika watu na taa kubwa za sinema, giza inakimbia, na filme inakuwa ya uongo. Makengo anawaacha mu mwangaza wao wenyewe. Kwa hiyo mtazamaji naye anatafuta-tafuta kwa macho, sawa vile mtu anatafuta mlango usiku wakati moto umekatika. Mwaka ule ule wa 2019, filme hiyo ilipata zawadi ya filme fupi bora ya ukweli kwenye festivali ya IDFA, mu Amsterdam.

Mbele ya hapo, mwaka 2018, alikuwa amepiga "E'ville" mu Lubumbashi, mji ulioitwa zamani Élisabethville.

Mwaka 2024 akapeleka kwenye festivali ya Berlin filme ndefu, "Tongo Saa". Ni Lingala, maana yake kunapambazuka. Mu komine ya Kisenso, watu wa kartye wanachanga franga kusudi wanunue kable ya umeme. Unajua vile michango inakuwaga: huyu ametoa, yule anaahidi kesho. Wengine, maji ya mafuriko yamewaingilia mu nyumba. Wengine wanaomba Mungu.

Kuna wenye kusema: giza tunaijua, filme ya nini tena? Mimi naona tofauti iko hapa. Wageni wakikuja na kamera, mara mingi wanatafuta machozi yetu. Makengo anabakia mpaka watu wanasahau kamera, wanacheka, wanabishana juu ya franga.

Kama unaipata, usiiangalie mchana kwa telefone, nusu ya picha itakupotea. Ngojea usiku, halafu uzime taa, kama iko.