Ndaisaba: Dua Iliyofanywa Jina

Mtu wa pwani aliyelelewa kati ya akina Abdallah, Mwanaidi na Juma, akisafiri hata akafika wilaya ya Ngara, katika nchi ya Wahangaza na Washubi, atakuta majina ambayo ulimi wake huyatamka bila taabu, ilhali maana yake haimfunukii kitu. Mojawapo ni Ndaisaba. Katika Tanzania nzima jina hili ni adimu, na huenda wengi walilisikia kwa mara ya kwanza baada ya uchaguzi mkuu wa mwaka 2020, ulipompeleka bungeni Ndaisaba George Ruhoro kuwa mbunge wa Ngara. Na aliyeyasoma majina hayo matatu kwa makini aliona jambo lisilo la kawaida, kwamba lile la wenyeji ndilo lililotangulia, na la Kizungu likafuata nyuma yake.

Ndaisaba si neno moja, bali ni sentensi kamili yenye mtenda, kitendo na mtendwa. Silabi ya kwanza ni mimi, ninenaye. Mwisho wake ni kitenzi cha kuomba, ambacho Warundi na Wanyarwanda, majirani wa Ngara, hukitaja kwa sauti ya gusaba. Na kati ya hivyo viwili imekaa irabu moja nyembamba, i, ambayo ndiyo roho ya jina zima. Irabu hiyo ni kiwakilishi cha Imana, yaani Mungu. Katika lugha za huko Imana haliingii katika ngeli ya watu kama lilivyoingia neno Mungu kwetu, bali huchukua viambishi vile vile tunavyovitumia sisi kwa nyumba na njia. Kwa hiyo Mswahili akilifasiri jina neno kwa neno atapata "naiomba", na atabaki akiuliza anaomba nini. Mwenyeji haulizi. Maadamu anayeombwa hakutajwa, na maadamu jambo ni la dua, hapana mwingine awezaye kukusudiwa.

Ustadi huu wa kumtaja Mungu kwa kumficha umezaa ukoo mpana wa majina. Domitien Ndayizeye, aliyekuwa Rais wa Burundi tangu 2003 hata 2005, jina lake ni kusema "nimemtumaini". Évariste Ndayishimiye, aliyeshika madaraka hayo mwaka 2020, lake ni "nimemshukuru". Francine Niyonsaba, mwanariadha wa Burundi aliyetwaa medali ya fedha katika mbio za mita 800 huko Rio de Janeiro mwaka 2016, ana jina lililo ndugu wa damu wa Ndaisaba, illa limetiwa mkazo: ni Yeye ndiye nimwombaye, wala si mwingine. Wako pia wasiopenda mafumbo, wakaita watoto wao Nsabimana, wakamweka Mungu mwishoni waziwazi. Kwa sikio langu Ndaisaba ni bora kuliko Nsabimana, kwa kuwa ombi lisilotaja jina la aombwaye lina adabu ya mtu anayesema na mkubwa wake ana kwa ana.

Asidhani msomaji kwamba jambo hili ni geni kabisa kwetu. Pwani nako wako akina Sikudhani, na kila Sikudhani amebeba maneno ambayo hakuyasema yeye, bali yalisemwa na mzazi siku aliyozaliwa. Ndivyo ilivyo kwa Ndaisaba: anayeomba si mtoto. Ni baba au mama, na mtoto amefanywa chombo cha kulichukua neno la mzazi maisha yake yote, akiitwa shambani, shuleni na barazani, kila mwito ukiwa ni dua ile ile inayorudiwa na watu wasioikusudia. Nini kilichoombwa, jina halisemi.

Wala si majina yote ya nchi zile yaliyoelekezwa mbinguni. Mengine huelekezwa kwa jirani, na hayo ndiyo makali. Chifu mmoja mashuhuri wa Burundi wakati wa utawala wa Wabelgiji aliitwa Pierre Baranyanka, na tafsiri ya Baranyanka ni "wananichukia". Huko Rwanda liko jina la Bamporiki, nalo ni swali, kwamba wananionea nini. Mzazi aliyekosana na watu alikuwa na hiari ya kuwajibu kupitia kwa mtoto, na aliyechoka nao alikuwa na hiari ya kumgeukia Imana. Hayo majina ya Imana hayakuletwa na makanisa. Kabla ya misheni, wanawake wa Rwanda na Burundi waliotaraji kuzaa walikuwa na ada ya kutokosa maji kidogo ndani ya nyumba wakati wa usiku, ili Imana ayapate ya kufinyangia mtoto tumboni, kama mfinyanzi alowekaye udongo wake; na watu wenye imani kama hiyo hawakuhitaji kufundishwa na mgeni kumwomba mwenye kuumba. Ajabu ni kwamba Mapadri Weupe, walioanzisha misheni ya Save nchini Rwanda mwaka 1900, kwa miaka mingi walisita kulitumia neno Imana katika mafundisho yao, wakaazima kwetu neno Mungu, na hali kila siku walikuwa wakibatiza watu ambao majina yao ya nyumbani yalikuwa yamekwisha kumtaja.

Jina hili limevuka mpaka, au tuseme kweli, mpaka ndio uliolivuka. Rwanda, Urundi na Ngara zote zilikuwa chini ya Wadachi. Kisha mwaka 1919 Milner wa Uingereza na Orts wa Ubelgiji walipogawana nchi hizo, Bugufi, ambako ndiko uliko mji wa Ngara, ikabaki upande wa Tanganyika, ijapokuwa ilikuwa sehemu ya ufalme wa Burundi. Mwami Mwambutsa wa Burundi aliomba kwa Umoja wa Mataifa arudishiwe, asirudishiwe. Hata mfalme alikuwa na lake la kuomba. Tangu hapo makarani wa tawala mbili wakaliandika jina moja kwa namna mbili. Ng'ambo ya mpaka ni Ndayisaba, kwa y. Huku kwetu, aghalabu, herufi hiyo imeanguka. Mwenye macho hutambua kwa herufi moja jina liliandikishwa ofisi ya upande gani.

Bahati mbaya si kila mtu ana macho hayo. Mwishoni mwa Aprili 1994 Wanyarwanda wapatao 250,000 walivuka daraja la Rusumo na kuingia Ngara kwa muda wa siku moja tu, baada ya Warundi waliotangulia kukimbia mwaka 1993, na kambi za Benaco na Lukole zikajaa majina yaliyofanana na ya wenyeji. Mwaka 2013 serikali ilipoendesha Operesheni Kimbunga kuwaondoa wahamiaji haramu katika Kagera, Kigoma na Geita, jina la namna hii halikuwa kinga kwa mwenye nalo. Kumhukumu mtu uraia kwa jina lililotangulia mpaka wenyewe ni dhuluma ya kutojua tarehe.

Pengine ndiyo sababu mojawapo ya jina hili kujificha muda mrefu nyuma ya majina ya ubatizo. Tena huko nyuma limegeuka kuwa jina la ukoo. Ada ya zamani, inayofuatwa hata leo Rwanda na Burundi, ilimpa kila mtoto jina lake mwenyewe, ndugu wa tumbo moja wasishiriki jina. Lakini fomu za Tanzania zinataka la kwanza, la kati na la ukoo, na hivyo dua ya mtu mmoja hugeuka kuwa mali ya uzao wake. Yuko leo binti aitwaye Ndaisaba katika cheti chake kwa kuwa babu yake aliomba jambo fulani, akapewa au akanyimwa, na hapana aliye hai awezaye kulikumbuka. Anayepewa jina hili kuwa la kwanza, kinyume chake, amerudishiwa desturi ya kale kwa mlango wa mambo mapya: mzazi wake mwenyewe ndiye aliyesema, na kama ana haja ya kujua kiliombwa nini, bado yuko wa kumwuliza.