Kipi Kinaingia Wapi: Spea za Magari Dar es Salaam

Tarehe 10 Agosti 1907, luteni wa Kijerumani aitwaye Paul Graetz aliondoka Dar es Salaam kwa gari, akikusudia kuvuka Afrika hadi Swakopmund, pwani ya Atlantiki. Alifika tarehe 1 Mei 1909, baada ya siku 630. Gari lake liliundwa Gaggenau, Ujerumani, na siku nyingi za safari ile ziliishia katika kutengeneza na kungojea, maana sehemu kubwa ya njia yake haikuwa na duka la kumuuzia hata bolti. Kisa hiki husimuliwa kwa kusifu ushujaa. Mimi ni binti wa mtunza stoo, nauza spea Gerezani, na ninachokiona humo ni kingine: gari lilitufikia likiwa limetangulia vipuri vyake, na tangu hapo watu wa mji huu wamekuwa wakihangaika kuziba pengo hilo.

Anayepita leo Gerezani, Kariakoo au Shauri Moyo kule Ilala, akaona milango ya magari imening'inizwa hadi darini na injini zimepangwa barazani, hudhani biashara hii imezaliwa na wingi wa magari. Wingi umekuja juzi. Biashara hii ililelewa na uhaba, na mtaji wake wa kwanza ulikuwa kujua kipi kinaingia wapi. Fedha zilikuja baadaye.

Enzi za Waingereza nazipita haraka. Magari yalikuwa machache, na spea zilikaa kwa mawakala wa makampuni ya magari, zikitoka Uingereza au zikishushwa kutoka Nairobi, ambako maduka makubwa ndiko yalikokuwa. Uhuru ulipokuja, njia hiyo iliendelea kutumika kwa miaka kadhaa.

Ikakatika miaka ya 1970. Mafuta yalipanda bei mwaka 1973. Mwaka 1977 Jumuiya ya Afrika Mashariki ilivunjika na mpaka wetu na Kenya ukafungwa. Haukufunguliwa hadi mwishoni mwa 1983. Katikati ya hayo kukawa na vita vya Kagera, na magari yaliyokwenda huko yakarudi hoi. Fedha za kigeni ziliadimika, na mwenye kutaka kuagiza kipuri nje alihitaji leseni na kibali cha kupata fedha hizo, akasubiri zamu pamoja na wanaoagiza dawa na mashine za viwanda. Kibaha tulikuwa na kiwanda cha kuunganisha Scania, lakini lori lililounganishwa kwetu bado lilidai kipuri cha Sweden. Ukipita kwenye yadi ya shirika lolote la umma uliyakuta magari yamejipanga juu ya mawe, tairi zimeshavuliwa. Mengi hayakuwa na ugonjwa mkubwa. Lililala lori zima kwa kukosa sili ya mafuta inayoenea kiganjani.

Baba alikuwa mtunza stoo katika shirika la usafirishaji. Leja za ofisi zilikuwa kubwa, zenye jalada gumu, na hazikuwa na mengi ya kuandikwa, kwa sababu rafu zilikuwa tupu. Yeye akawa na daftari lake la shule, la mistari. Upande wa kushoto aliandika namba ya kipuri, upande wa kulia, kwa penseli, akaandika kila kitu kingine kinachoweza kukaa mahali pake. Nakumbuka ukurasa wa beringi. Beringi namba 6205 ina tundu la milimita 25, kipenyo cha nje milimita 52 na upana milimita 15, iwe imetoka Sweden, Japani au India, iwe ya alteneta, ya mota ya umeme au ya pampu ya maji. Alikuwa akituambia: "Mwanangu, gari lina jina. Beringi haina jina, ina namba." Dereva akija na kilio cha kipuri cha lori lake, baba hakumuuliza aina ya lori kwanza. Alimwambia, "Leta sampo." Akipewa hicho kilichokufa, alikisugua kwa kitambaa chenye mafuta ya taa mpaka namba itokee, akakipima, ndipo akafungua daftari. Mara nyingi jibu lilikuwa kwenye mashine ya kusaga iliyokufa au kwenye trekta la shamba la mkonge.

Kisichopatikana kilitengenezwa. Hapo ndipo Gerezani ilipojijengea jina. Mafundi walikuwa wakifua vyuma na mabati mtaani hapa, na baada ya SIDO, shirika la umma la viwanda vidogo, kuundwa mwaka 1973 baadhi yao walijiunga katika ushirika. Bushi zilichongwa kwa mpira wa tairi kuukuu. Shafti ilikerezwa kwenye mashine moja iliyokuwa na foleni ya mafundi tangu alfajiri. Viatu vya breki vilivishwa laini mpya kwa kugonga ribiti, moja baada ya nyingine, mtu ameketi kwenye kigoda. Wapo wanaoiita kazi ile ubabaishaji. Mimi naiita uhandisi, na sioni kwa nini historia ya viwanda vyetu iandikwe bila kuitaja.

Mwaka 1983 ikaja vita dhidi ya wahujumu uchumi. Mwenye boksi la ringi za pistoni uvunguni bila risiti aliweza kujikuta anajieleza polisi, na bidhaa nyingi zilifichwa au kutupwa. Mwaka uliofuata upepo uligeuka. Bajeti ya 1984 iliruhusu watu kuagiza bidhaa kwa fedha zao za kigeni, na hakuna aliyewauliza wamezipata wapi. Mwaka 1985 Ali Hassan Mwinyi aliingia Ikulu, mwaka 1986 serikali ikaafikiana na Shirika la Fedha la Kimataifa, na madirisha yakafunguka. Wazanzibari walikuwa mbele yetu katika hili, kwani walikuwa na ndugu Dubai na Muscat na walijua soko la Deira lilivyo. Mabegi ya spea yalivuka kutoka Unguja kwa majahazi na boti. Baadaye wafanyabiashara wa bara nao walishika njia hiyo, wakafika hadi Sharjah, ambako kuna mitaa mizima ya magari yaliyovunjwa.

Kilichobadilisha kila kitu ni mtumba wa Japani. Wajapani huendesha upande wa kushoto wa barabara kama sisi, na usukani wao uko kulia. Sheria yao inadai gari binafsi likaguliwe baada ya miaka 3 ya kwanza, kisha kila miaka 2, na ukaguzi huo ni wa gharama. Kwa hiyo wengi huona nafuu kuuza gari likiwa bado zima. Magari hayo yakaja kwetu kwa meli, na nyuma yake yakaja makontena yenye injini, gia boksi, na magari yaliyokatwa nusu ya mbele ili yauzwe kipande kipande. Nasisitiza jambo hili kwa sababu ndilo lililoamua rafu zetu ziwe na nini: watu walinunua Toyota kwa sababu spea zake zipo, na spea zake zilizidi kuwapo kwa sababu watu walinunua Toyota. Chukua injini ya 1NZ, ya lita 1.5. Utaikuta kwenye IST, Raum, Funcargo, Spacio, Probox na Allion. Mwenye rafu moja ya vipuri vya 1NZ anahudumia nusu ya teksi za mji. Haya ni mahesabu yaleyale ya daftari la baba, ila sasa kiwanda chenyewe ndicho kilichoyafanya.

Namba nazo zinazungumza. Namba ya kipuri cha Toyota kwa kawaida ina sehemu mbili zilizotengwa kwa kistari, na tarakimu 5 za kwanza hutaja aina ya kitu. 04465 ni pedi za breki za mbele, 04466 ni za nyuma, 90915 ni filta ya oili. Shokapu ya mbele kulia huanza na 48510, ya kushoto 48520. Kijana anayezijua hizi hadanganyiki kirahisi, na huyo ndiye ninayemwajiri.

Maana siku hizi uhaba umekwisha, umekuja udanganyifu. Tangu miaka ya 2000 wafanyabiashara wa Kariakoo wanasafiri hadi Guangzhou, na si kila kinachotoka China ni kibovu. Kuna viwanda vya huko ninavyoviamini. Ubaya ni boksi la jina kubwa lenye pedi zilizobanwa kwa unga usiohimili moto. Tume ya Ushindani imekuwa ikikamata bidhaa bandia, lakini mlinzi wa kwanza ni muuzaji anayekataa kuzipokea. Ubaya mwingine ni wizi. Tazama magari ya Dar: saiti mira, taa na vioo vimechorwa namba ya gari, kwa sababu mwenyewe anajua kinachong'olewa usiku kinaweza kuonekana mtaani asubuhi. Sisi wauzaji tusijifanye hatuhusiki. Anayenunua mira yenye namba iliyokwanguliwa amemlipa mwizi mshahara.

Biashara yenyewe imepanuka kuliko mji. Wateja hufunga mizigo kwenda Lubumbashi, Lusaka, Bujumbura na Kigali. Bodaboda na bajaji, zilizopata kanuni zake za leseni mwaka 2010, zimezaa maduka yasiyouza kipuri cha gari hata kimoja. Magari ya mseto wa petroli na umeme nayo yameanza kuletwa, na fundi anayeyafungua kwa mazoea ya zamani anacheza na umeme unaoua.

Ndiyo maana nina ombi kwa VETA na kwa vyuo vyetu vya ufundi. Wazee waliozivuka zile siku za magari juu ya mawe wanapungua, na wanachokijua kimeandikwa kwa penseli au hakikuandikwa kabisa. Waiteni sasa, wawafundishe vijana kupima, kusoma namba na kutambua kipi kinaingia wapi. Na mkiwaita, walipeni kama mnavyowalipa walimu wengine.