Wawindaji Wadogo wa Jiddat al-Harasis

Uwanda huu wa mawe na kokoto, katikati ya Oman, huweza kukaa miaka bila mvua ya maana. Kinachouhuisha ni ukungu unaoingia usiku kutoka Bahari ya Arabuni. Umande wake hunywesha majani, majani hulisha panya na wadudu, na hao ndio riziki ya wanyama ambao mgeni huwaona kwa nadra.

Paka wa mchangani ana uzito wa kilo 3 hivi. Nyayo zake zimefunikwa na manyoya yanayomkinga na mchanga wa moto, na masikio yake mapana hunasa mchakacho wa panya aliye chini ya ardhi. Akikosa maji, unyevu wa mawindo yake humtosha. Jirani zake ni mbweha wa Rüppell, simbamangu na nyegere, yule yule anayejulikana Afrika Mashariki kwa kupora asali.

Sifa za uhifadhi hapa zilimwendea choroa mweupe, aliyetoweka porini mwaka 1972 na kurudishwa mwaka 1982 chini ya ulinzi wa Waharasis, wafugaji wenyeji. Ni haki wadogo nao watajwe. Eneo la hifadhi ya choroa liliingia katika orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 1994. Ujangili ukarejea, hifadhi ikapunguzwa kwa asilimia 90, na mwaka 2007 likawa la kwanza duniani kufutwa katika orodha hiyo.

Tafadhali endesha gari kwenye njia zilizopo tu. Mashimo unayoyaona chini ya vichaka ni makazi ya wawindaji hawa wadogo.